THERAPEUTAI: MWABUDU NI MTUMISHI

Masomo: Hesabu 12:1-15, Ayubu 2:1-10, Matendo 17:22-31, Wafilipi 2:25-30



Somo la leo linasimama juu ya neno moja la Kigiriki cha zamani. Wengi wenu mlinisikia nikilitaja katika radio. Kwa bahati mbaya, mlinisikia nikilitaja vibaya. Ndiyo sababu ninaliandika hapa kwenye karatasi, ili kila mtu alisome polepole nyumbani, Biblia ikiwa wazi mbele yake, apime mwenyewe kama ninayosema sasa ni kweli.

Neno lenyewe ni therapeutes. Lisome hivi: te-ra-peu-tes. Wakiwa wengi wanaitwa therapeutai. Wagiriki walilitumia kwa mtu anayemwabudu Mungu ao miungu. Lakini neno hili lina ndugu zake, na hao walitumika pia nyumbani, shambani, vitani na kwa munganga. Katika ukoo huo huo Wafaransa walipata neno thérapie, lile tunalolisikia hospitalini kwa maana ya matibabu.

1. KOSA LANGU

Miaka michache iliyopita nilihubiri kwamba neno hili lina maana mbili, kuabudu na kuponya. Mpaka hapo sikusema uongo. Kisha nikaongeza langu. Nilisema: "Basi, mwabudu wa kweli ni mtu mwenye afya. Ukiabudu na bado unaumwa, chunguza ibada yako, kuna kitu ndani yake hakiko sawa." Amina zikajaa kanisa, vigelegele vikapigwa. Nilirudi nyumbani nikifurahi kwamba Kigiriki nilichojifunza Institute ya Biblia kimepata kazi.

Katika kwaya yetu kulikuwa mama mmoja mwenye ugonjwa wa sukari. Alikuwa na kidonda mguuni kisichotaka kupona. Siku ya Mungu iliyofuata hakuketi na wenzake wa kwaya, aliketi nyuma karibu na mlango. Nilidhani amechoka. Majuma kadhaa yakapita, kisha binti yake akanijia nyumbani akilia. Mama yake alikuwa ameacha dawa. Vidonge vilikutwa chini ya godoro. Mama alikuwa amemwambia binti yake: "Mchungaji amesema mwabudu haumwi. Nikimeza hivi vidonge, ninashuhudia mwenyewe kwamba mimi si mwabudu."

Tulimpeleka kituo cha afya siku ile ile. Mungu alimhifadhi, lakini vidole viwili vya mguu vilikatwa. Muuguzi aliniuliza kwa nini mgonjwa huyu amecheleweshwa namna hii. Sikuwa na jibu la kumpa.

Usiku ule nilifungua tena madaftari yangu ya shule. Nilitaka kujua kama neno lenyewe lilinituma kusema vile, ao nilijituma mwenyewe.

2. NENO LILIANZIA WAPI

Tuanze na ndugu mkubwa wa neno hili, therapon. Katika Iliad, utenzi wa kale wa Wagiriki unaohesabiwa kuwa wa Homer, shujaa Achilles ana therapon wake aitwaye Patroclus. Therapon huyu si mtumwa aliyenunuliwa sokoni. Ni rafiki wa karibu anayesimama kando ya mkubwa wake, anayemwandalia meza, anayeshika farasi zake, anayekwenda naye vitani.

Kitendo chake ni therapeuo, yaani kukaa karibu na mtu ao kitu na kukishughulikia, kukihudumia, kukitunza. Kutoka hapo neno likashika njia nyingi. Mkulima anayetunza miti yake, Mgiriki alisema therapeuo. Munganga anayemhudumia mgonjwa, therapeuo. Mtu anayezunguka kwa mkubwa akimsifu-sifu ili apate cheo, naye therapeuo. Na mtu anayewatumikia miungu kwa sadaka na maombi, therapeuo tena. Mtu huyo wa mwisho ndiye therapeutes, mwabudu.

Sasa angalieni lugha yetu. Sisi Wakongomani tunasema: huyu anatumika shambani, yule anatumika hospitalini, mwingine anamtumikia Mungu. Neno ni moja. Je, kwa kuwa ni moja, kila anayemtumikia Mungu ana jembe mkononi? Ao kila anayetumika hospitalini ni mchungaji? Hata mtoto atacheka. Neno likiwa na maana tatu, halibebi zote tatu kila linapotajwa. Maneno yanayolizunguka ndiyo yanayoonyesha ni maana gani inayotakiwa.

Hapo nilijikwaa. Nilichukua maana ya kwa munganga, nikaichukua na maana ya hekaluni, nikazifunga kwa kamba moja, kisha nikaweka mzigo huo kichwani mwa mama mgonjwa.

3. BIBLIA YA KIGIRIKI INAVYOLITUMIA

Zaidi ya miaka 200 kabla ya Kristo, Wayahudi wa Misri walianza kutafsiri Maandiko yao kwa Kigiriki. Tafsiri hiyo inaitwa Septuaginta, na waandishi wa Agano Jipya waliijua sana. Ndani yake kitendo therapeuo kinatokea mahali ambapo ukiweka maana moja tu utapotea.

Fungueni 2 Samweli 19:24. Mefiboseti, mjukuu wa Sauli, alikuwa kiwete wa miguu yote miwili. Tangu siku Daudi alipokimbia mji, yeye katika huzuni yake hakuishughulikia miguu yake, wala ndevu, wala hakufua nguo. Septuaginta inasema hakui-therapeuo miguu yake. Bila shaka maana si kwamba hakuiabudu. Wala si kwamba hakuiponya, maana miguu ile ilikuwa imelemaa tangu utoto na kuiosha kusingeiponya. Maana ni kuitunza. Miguu isiyopona nayo inaoshwa na kufungwa vizuri.

Mithali 19:6 inasema juu ya watu wengi wanaotafuta upendeleo kwa mkubwa. Septuaginta inaweka neno hilo hilo: wana-therapeuo nyuso za wafalme. Hapo ni kujipendekeza.

Na Isaya 54:17 inasema juu ya urithi wa watumishi wa Bwana. Kwa Kigiriki ni wale wanaom-therapeuo Bwana. Hapo ndipo tunakutana na waabudu. Wanaitwa kwa kazi wanayomfanyia Bwana wao, na afya ya miili yao haitajwi.

Ndugu mkubwa, therapon, naye yumo. Katika Hesabu 12, Miriamu na Haruni wanamsema vibaya Musa. Mungu anashuka na kumtetea, akimwita mtumishi wake mwaminifu katika nyumba yake yote. Septuaginta inamwita Musa therapon. Mwandishi wa Waebrania anashika neno hilo katika sura ya 3, mstari wa 5, na hapo tu ndipo linapoonekana katika Agano Jipya lote.

Kisha nini kinafuata? Miriamu anapigwa na ukoma. Musa analia kwa Mungu amponye. Kitendo cha kuponya katika mstari wa 13 si therapeuo. Ni kingine kabisa, iaomai. Musa ndiye therapon, lakini uwezo wa kuponya si wake. Kazi yake ni kuomba, hata kwa ajili ya yule aliyemsema vibaya. Kuponya ni kwa Mungu.

Mahali pa pili ndipo paliponivunja moyo, maana nilipasoma mara nyingi bila kupaona. Katika Ayubu 2:3 Mungu anamuuliza Shetani kama amemwona mtumishi wake Ayubu. Septuaginta inasema: therapon wangu Ayubu. Hesabuni mistari. Mstari wa 3 Mungu anamtaja kwa jina hilo la heshima. Mstari wa 7 Ayubu amejaa majipu toka wayo wa mguu mpaka utosini. Yule ambaye Mungu mwenyewe alimshuhudia mbele ya mbingu kuwa mtumishi wake aliketi kwenye majivu akijikuna kwa kigae.

Na wale waliokuja kumwambia kwamba ugonjwa ni ushuhuda juu ya ibada yake ni nani? Ni rafiki zake watatu. Mwishoni mwa kitabu Mungu anawakasirikia. Wapendwa, siku ile kwenye mimbara nilikuwa nimesimama upande wa Elifazi, nikidhani niko upande wa Mungu.

4. WALIOITWA THERAPEUTAI

Jina hili lilichukuliwa kwanza na watu wa mataifa. Katika kisiwa cha Delos, kati ya bahari ya Wagiriki, mawe ya kale yenye maandishi yamepatikana penye mahekalu ya miungu ya Misri, Sarapis na Isis. Maandishi hayo yanataja chama cha waabudu wanaojiita therapeutai.

Pergamo nako, mji ule unaoandikiwa barua katika Ufunuo 2, kulikuwa na hekalu kubwa la Asclepius, mungu wa Wagiriki aliyetafutwa na wagonjwa. Watu walilala hapo wakingoja ndoto za kuwaambia dawa. Katika miaka ya 100 baada ya Kristo msemaji mmoja maarufu, Aelius Aristides, alikaa hapo muda mrefu juu ya magonjwa yake, akaandika habari za ndoto zake. Wale waliofuata ibada ya hekalu hilo aliwaita therapeutai. Angalieni vizuri: hata kwa wapagani, tena kwenye mlango wa mungu wao wa uponyaji, jina la mwabudu halikungoja mtu apone. Aliyelala hapo akiumwa miezi mingi alihesabika mwabudu kama wengine.

Lakini therapeutai wanaojulikana zaidi ni wa Misri, na habari yao tunaipata kwa Philo. Huyu alikuwa Myahudi msomi wa Aleksandria, aliyeishi wakati wa Yesu na mitume. Aliandika kitabu kidogo juu ya watu waliokaa nje ya mji ule, karibu na ziwa la Mareotis. Wanaume waliitwa therapeutai, wanawake therapeutrides.

Philo anasema walikuwa wameacha mali zao kwa jamaa zao. Nyumba zao zilikuwa rahisi, za kuzuia jua na baridi tu. Waliomba mara mbili kwa siku, alfajiri na jioni, na katikati walisoma Maandiko. Siku sita kila mmoja alikaa peke yake. Siku ya saba walikusanyika, wanaume upande mmoja, wanawake upande mwingine, ukuta mfupi ukiwatenga, lakini sauti ya mwalimu ikiwafikia wote.

Walikuwa na karamu kubwa ya ibada. Chakula kilikuwa mkate na chumvi, pamoja na hisopo kwa wale waliotaka kuongeza ladha. Kinywaji kilikuwa maji. Hapakuwa na mtumwa wa kuhudumu mezani, maana waliona utumwa ni kinyume cha namna Mungu alivyoumba watu. Vijana walio huru ndio waliohudumu, kwa furaha, kama watoto wanaohudumia baba na mama zao. Baada ya chakula, kesha. Kwaya mbili zilisimama, ya wanaume na ya wanawake, zikaimba kwa zamu, kisha zikaungana kuwa kwaya moja, kwa kukumbuka Musa na Miriamu kwenye Bahari ya Shamu. Jua lilipotoka waligeukia mashariki, wakainua mikono, wakaomba, kisha kila mtu akarudi kwenye kazi yake ya maombi na masomo.

Mpentekoste akisoma hayo atasema, "Hawa ni wetu!" Hakuwa wa kwanza. Eusebius, askofu wa Kaisaria katika miaka ya 300, alisoma kitabu cha Philo akaamini kwamba hao walikuwa wakristo wa kwanza wa Misri. Lakini Philo hamtaji Yesu hata mara moja, na wasomi wengi leo wanakubali kwamba walikuwa Wayahudi. Tuwaache walipo, tujifunze kwao bila kuwabatiza kwa nguvu.

Kinachotuhusu ni maelezo ya Philo juu ya jina lao. Anasema linaweza kueleweka kwa njia mbili. Ya kwanza, kwamba wanajua tiba iliyo bora kuliko ile ya mijini, maana ile inatibu mwili tu, na yao inatibu nafsi iliyoshikwa na tamaa, huzuni, woga na uchoyo. Ya pili, kwamba wamefundishwa na sheria takatifu kumwabudu Mungu. Philo anaziona maana mbili, kama mimi nilivyoziona. Lakini hasemi kwamba mwabudu haumwi. Tiba anayoitaja ni ya uchoyo na woga. Mtu mwenye mguu mbovu anaweza kuwa nayo, na mtu mwenye misuli kama simba anaweza kuikosa.

5. PAULO KULE ATENE

Tuje sasa kwenye Agano Jipya. Neno therapeutes lenyewe halimo. Katika Yoane 4:23, Yesu anaposema na mwanamke Msamaria juu ya waabudu wa kweli, neno ni lingine, proskunetes, na picha yake ni mtu anayeinama mpaka chini. Lakini kitendo therapeuo kimo mara 43. Mara 42 ni habari ya kuponya ao kutibu. Mara moja tu ni ibada, na hiyo ni Matendo 17:25, Paulo akihubiri Atene.

Ili kuelewa Paulo, sikilizeni kwanza jambo lililoandikwa katika mji ule ule karibu miaka 400 kabla ya Kristo. Plato aliandika mazungumzo ya mwalimu wake Socrates na mtu aitwaye Euthyphro, aliyejiona mjuzi wa mambo ya dini. Euthyphro alisema kumcha Mungu ni therapeia ya miungu, yaani kuwahudumia. Socrates akamuuliza: mtu anayehudumia farasi anamfanya farasi awe bora zaidi, na anayehudumia mbwa vivyo hivyo, je, wewe ukiihudumia miungu unaifanya iwe bora? Euthyphro akashtuka akasema hapana, ni kama mtumwa anavyomtumikia bwana wake. Socrates akauliza tena: basi kazi hiyo inaisaidia miungu kutimiza nini? Hapo Euthyphro hakuwa na jibu la kushika, na mwishoni akasema ana haraka, akaenda zake.

Karne nyingi baadaye Paulo anasimama katika mji ule. Anawaambia Waatene kwamba Mungu aliyeumba ulimwengu hahudumiwi kwa mikono ya watu kana kwamba amepungukiwa na kitu. Neno lake ni therapeuo. Kisha anaongeza sababu: yeye ndiye anayewapa wote uzima na pumzi na vitu vyote.

Tunamtumikia Mungu asiyehitaji kutunzwa. Hatumponyi njaa, hatumfukuzii upweke, sifa zetu hazimnenepeshi. Kwa hiyo ibada haiwezi kuwa biashara, ya mimi kumpa anachokosa ili anilipe afya. Mtu anayeimba ili Mungu awe na deni kwake anafanya kama wale wa Mithali 19, wanaozunguka uso wa mkubwa wakitafuta chao.

Na zile mara 42? Nendeni Matayo 4:23, Marko 1:34, Luka 4:40. Katika Injili, karibu kila mara anayefanya kazi hiyo ni Yesu, ao wanafunzi aliowatuma. Wagonjwa ndio wanaohudumiwa. Luka 4:40 inasema aliweka mikono juu ya kila mmoja wao. Hakuwauliza kwanza kama ibada yao ni safi. Wengi hawakuwa wamemwabudu hata siku moja. Alikuja kwao kama anayehudumia.

6. WATUMISHI WALIOUMWA

Mtu atasema: "Mchungaji, hayo ya Ayubu ni ya kale. Sisi tuko chini ya neema." Vema, tuangalie neema.

Wafilipi 2:25-30 inasema habari za Epafrodito. Paulo anamwita ndugu, mwenzake wa kazi, mwenzake wa vita, na mhudumu wa mahitaji yake. Mtu huyu aliumwa karibu kufa. Paulo, ambaye nguo zake zilipelekwa kwa wagonjwa wakapona kule Efeso, hasemi kwamba Epafrodito alipungukiwa na ibada. Anasema alikaribia kufa kwa ajili ya kazi ya Kristo, na Mungu akamhurumia. Kisha anaagiza kanisa liwape heshima watu wa namna hiyo.

Katika 2 Timoteo 4:20 Paulo anasema alimwacha Trofimo Mileto akiwa mgonjwa. Katika 1 Timoteo 5:23 anamshauri Timoteo atumie divai kidogo kwa ajili ya tumbo lake na magonjwa yake ya mara kwa mara. Na katika Wakolosai 4:14, kati ya watu wanaotuma salamu pamoja na Paulo, yumo munganga mpendwa, Luka. Mtume wa miujiza alitembea na munganga na hakumwonea haya.

7. TUTENDE NINI

Hakuna anayesema tuache kuombea wagonjwa. Yakobo 5:14 imesimama, na mafuta yako palepale. Mimi ni Mpentekoste, ninaamini Yesu anaponya leo, na nimeona watu wakiinuka. Lakini kuna mambo manne tunapaswa kuyashika.

Kwanza, tusipime ibada ya mtu kwa afya yake. Mzima asijivune, mgonjwa asijifiche nyuma karibu na mlango.

Pili, mtu asiache dawa kwa sababu ya mahubiri, yawe yangu ao ya mgeni mwenye jina kubwa. Mungu akikuponya, vipimo vya munganga vitaona, na yeye mwenyewe atakuambia uache. Imani ya kweli haiogopi kipimo.

Tatu, tusiuze uponyaji. Kama Mungu hahudumiwi kwa mikono yetu kana kwamba amepungukiwa, bahasha yako haiwezi kumsukuma. Toa sadaka kwa shukrani. Usiitoe kama malipo ya ugonjwa wako, na mtu yeyote asikudai namna hiyo.

Nne, tufanye kazi ya neno lenyewe. Therapeuo lilianza kwa kukaa karibu na mtu na kumshughulikia. Katika nchi yetu mnajua namna hospitali zilivyo. Mgonjwa asiye na jamaa hana chakula, hana maji ya kuoga, hana wa kukimbia farmasi, na akipona anaweza kuzuiliwa juu ya deni. Kwaya inayoimba saa tatu Siku ya Mungu inaweza kubeba sufuria ya chakula siku ya Jumanne. Vijana wanaofunga siku tatu wanaweza kubeba bidoni za maji. Kuosha mguu wa mtu ambaye labda hatapona leo, na kumfunga kitambaa safi, ni ibada. Mungu hapungukiwi na kitu, lakini ndugu yako amepungukiwa, na Bwana alisema katika Matayo 25 kwamba anayehesabu ziara hiyo ni yeye mwenyewe.

Nilimwomba yule mama msamaha nyumbani kwake, kisha mbele ya kanisa lote, maana kosa nilikuwa nimelitenda mbele ya kanisa lote. Alinisamehe. Amerudi kwenye kwaya. Kwa kuwa hawezi kusimama muda mrefu, vijana wamemwekea kiti upande wa mbele, na saa ya dawa ikifika katikati ya ibada, anafungua kifuko chake, anameza vidonge vyake mbele ya watu wote, anaendelea kuimba.

MASWALI YA KUZUNGUMZA KATIKA SELI

1. Someni Ayubu 2:3-7. Mungu alimwita Ayubu nani kabla ya ugonjwa? Je, alimwondolea jina hilo wakati wa ugonjwa? (Angalieni pia 42:7-8.)
2. Katika Hesabu 12, kazi ya Musa ilikuwa nini, na kazi ya Mungu ilikuwa nini?
3. Je, kuna mtu katika seli yetu aliyeacha kuja kwa kuwa tuliombea na hakupona? Nani atamtembelea juma hili, na atabeba nini mkononi?

TUOMBE

Baba, wewe huhitaji kitu kutoka mikononi mwetu, na bado umetupokea kuwa watumishi wako. Utusamehe tulipowabebesha wagonjwa mzigo ambao wewe hukuwabebesha. Gusa walio kitandani leo, katika nyumba na katika hospitali. Kama unawaponya, tutashukuru. Kama unawaambia wangoje, utupe moyo wa kungoja kando yao. Katika jina la Yesu. Amina.

Mungu awabariki.